R.C. Boral na muziki wa filamu za India: mtunzi alikuwa anafanya kazi gani hasa?

Santuri78

Wakuu, salaam.

Kila makala ya historia ya nyimbo za filamu za India humtaja Rai Chand Boral wa Calcutta (1903–1981) kuwa baba wa fani, kisha humruka mbio kwenda kwa watunzi wa baadaye, Naushad na Shankar-Jaikishan. Huo ubaba ni wa nini, hawasemi. Nyimbo hakuzianzisha yeye. Alam Ara, filamu ya kwanza ya India yenye sauti, ilionyeshwa Bombay Machi 14, 1931 ikiwa na nyimbo saba, na mwaka uliofuata Indra Sabha ikaja na nyimbo takriban 70. Hata kuimba katikati ya mchezo kulikuwepo kwenye tamthilia za Waparsi miaka mingi kabla ya sinema kupata sauti.

Ninachoomba ni upande wa kazi. Mtunzi aliyeajiriwa New Theatres, studio ya Boral pale Calcutta, kati ya 1931 na 1940 alikuwa anafanya nini tangu anapokabidhiwa maneno hadi wimbo unapoingia kwenye filamu? Pleibeki ya Dhoop Chhaon (1935), yaani mwimbaji kurekodi kwanza na mwigizaji kuja kufuatisha midomo, ilibadilisha nini ndani ya utunzi wenyewe? Kwamba ilimwokoa mwigizaji asiyejua kuimba, hilo najua. Na sifa zipi ni za Boral, zipi ni za fundi sauti na mwongozaji?

Tafadhali jibu lisiishie kwenye "alikuwa gwiji".

---

FundiMkanda

Mkuu Santuri78, tuanzie kwenye mitambo, maana ndiyo iliyomfunga mtunzi mikono kabla ya 1935.

Filamu ya milimita 35 yenye sauti hukimbia fremu 24 kwa sekunde. Futi moja ina fremu 16, kwa hiyo dakika moja ni futi 90, na wimbo wa dakika 3 na sekunde 20 ni futi 300 kamili. Alam Ara ilipigwa kwa mtambo wa Tanar, ambao uliandika picha na sauti kwenye negativu moja. Hapo pana kero ambayo waandishi wengi huiruka: sauti haikai ubavuni mwa picha yake. Picha hupita dirishani kwa kusimama na kuruka, fremu baada ya fremu, ilhali sauti inataka mwendo laini usiokatika. Kwa hiyo sauti hushughulikiwa mahali pengine kwenye njia ya filamu, takriban fremu 20 kutoka kwenye picha inayohusika. Fremu 20 ni sekunde 0.83. Ukikata picha pale mwimbaji anapofumba mdomo, mkasi unapita katikati ya sauti ya wakati mwingine kabisa.

Matokeo yake ni kwamba wimbo ulipigwa kwa mkupuo mmoja na kamera imetulia. Rili ya futi 1,000 inatosha dakika 11 hivi, kwa hiyo urefu haukuwa tatizo. Tatizo lilikuwa kosa. Mwimbaji akiteleza ubeti wa mwisho, mpiga tabla akikohoa, taa ikilia, mnarudi mwanzo na filamu mpya. Studio ya Imperial iliyotengeneza Alam Ara ilikuwa karibu na reli, na sehemu kubwa ya sauti ilirekodiwa usiku wa manane treni zikiwa zimepungua. Wapigaji walifichwa wasionekane na kamera. "De De Khuda Ke Naam Pe", wimbo unaohesabiwa kuwa wa kwanza wa filamu za India, ulisindikizwa na harmoniamu na tabla, basi.

Kwa nini ala mbili tu? Mnapokuwa na maikrofoni moja, mizani ya sauti inapangwa kwa umbali. Ukiongeza umbali mara mbili, sauti inapungua desibeli 6 hivi. Mwimbaji akae mita moja, harmoniamu mita mbili, tabla mita tatu au nne na ielekezwe pembeni, vinginevyo kishindo cha bayan, ile ngoma nene ya tabla, kinameza maneno. Kila ala unayoongeza inahitaji umbali wake na pia maficho yake. Halafu mwimbaji akipiga hatua mbili kuelekea kwa mpenzi wake wa kwenye hadithi, mizani yote imevunjika.

Sasa mwangalie mtunzi aliye ndani ya hali hiyo. Harmoniamu lazima ifuate sauti ya mwimbaji noti kwa noti, asije akapotea. Mwendo haubadiliki katikati, kwa sababu aliyefichwa nyuma ya mti wa maboksi hamwoni mwimbaji wala kiongozi. Kipande cha ala kati ya beti kinafupishwa, maana mwigizaji amesimama mbele ya kamera isiyosogea na hana la kufanya. Anabaki na lahani, na anamwomba Mungu.

---

Mwana_Okestra

FundiMkanda amesema vizuri. Mimi naongeza kitu kinachosahaulika kuhusu Boral: aliingia kwenye filamu akitokea redioni. Babake, Lalchand Boral, alikuwa mwimbaji wa dhrupad, mtindo wa kale wa uimbaji, na mwana alikulia ndani ya muziki wa kikale. Lakini mwaka 1927 alijiunga na Indian Broadcasting Company pale Calcutta na kusimamia vipindi vya muziki. Pankaj Mullick, mwenzake wa baadaye, naye alitoka redio hiyo hiyo. Maana yake ni kwamba B.N. Sircar alipoanzisha New Theatres mwaka 1931, huko Tollygunge, alipata mtu aliyekwisha kukaa miaka minne akipanga muziki mbele ya maikrofoni, kwa saa ya ukutani, kwa wasikilizaji wasiomwona mpigaji. Watunzi wengi wa wakati ule walitoka jukwaani, ambako mwimbaji hurudia ubeti mpaka ukumbi uchoke kushangilia.

La pili ni ajira. New Theatres ilikuwa na wapigaji wa mshahara, watu wale wale kila siku, na chumba cha mazoezi. Jambo hili linaonekana dogo lakini ndilo lililowezesha mengine. Okestra ya kukodi kwa siku moja unaipa kitu rahisi. Okestra inayokuja kila asubuhi unaweza kuijaribia: fidla zishike mvumo badala ya tanpura (ala ya nyuzi ya kushikilia noti ya msingi), sitar ijibu mwisho wa mstari, piano au ogani iweke noti chache chini ya lahani bila kuigeuza raga (utaratibu wa noti katika muziki wa kikale wa India) kuwa wimbo wa kanisani. Hapo pana mtego. Raga haina kodi za harmonia, yaani noti kadhaa zinazopigwa kwa pamoja. Ukiweka kodi yenye noti isiyomo ndani ya raga, msikilizaji aliyelelewa na raga anasikia kosa papo hapo. Njia salama, ambayo unaisikia katika kazi nyingi za Calcutta za wakati ule, ni kushikilia noti ya msingi na ya tano, kisha kuacha ala nyingine zijibizane na lahani. Timir Baran, mpiga sarod aliyekuwa mwanafunzi wa Allauddin Khan na ambaye ndiye mwenye muziki wa Devdas (1935), alileta uzoefu wa okestra ya ala za Kihindi kutoka kwenye kundi la ngoma la Uday Shankar. Kwa hiyo usimwone Boral peke yake. Ile ilikuwa karakana ya watu watatu wanne.

La tatu ni muziki wa chini ya maongezi. Chandidas (1932) ya mwongozaji Debaki Bose hutajwa kuwa miongoni mwa filamu za kwanza za India kuwa na muziki uliopangwa kwa ajili ya matukio yenyewe, mbali na nyimbo. Hili ndilo ningeweka juu kabisa kwenye hesabu ya Boral, hata kabla ya pleibeki. Wimbo unampa mtunzi dakika tatu. Muziki wa matukio unampa filamu nzima, na unamlazimu akae na mwongozaji kabla ya kupiga picha ili waelewane wapi panyamaze. Chandidas inamhusu mshairi wa Kivaishnava, na kirtan za Kibengali, yaani nyimbo za ibada, zilifaa sana, kwa sababu kirtan kwa asili yake huanza taratibu na kupanda mwendo kadiri hisia zinavyopanda.

Sasa hesabu, kwa vile umeomba kazi. Santuri ya inchi 10 kwa mizunguko 78 inabeba dakika 3 na ushei kila upande. Khayal, uimbaji wa kikale, ikiwa ya ukumbini inaweza kwenda saa nzima. Mtunzi anakata wapi? Chukua tal (mzunguko wa mapigo) ya keharwa, mapigo 8, kwa mwendo wa mapigo 120 kwa dakika. Mzunguko mmoja ni sekunde 4. Sekunde 200 ni mizunguko 50. Mgawanyo unaofanya kazi ni kama huu: alap ya mwimbaji (ufunguzi wa taratibu) isizidi mizunguko 3, utangulizi wa okestra 4, kiitikio 6, kipande cha ala 4, ubeti wa kwanza 8, kurudi kwenye kiitikio 4, kipande cha pili cha ala 4, ubeti wa pili 8, kiitikio cha mwisho 6, na mitatu ya kufungia. Jumla 50. Ukizidisha alap kwa mizunguko sita kwa sababu mwimbaji wako ni fundi, ubeti wa pili ndio utakaolipa.

---

FundiMkanda

@Mwana_Okestra hesabu yako ina raha yake ukiihamishia kwenye filamu. Sekunde 4 ni fremu 96, na fremu 96 ni futi 6 kamili. Mhariri anaweza kupima mzunguko wa keharwa kwa rula, akajua sam, lile pigo la kwanza, linaangukia wapi kwenye meza yake bila hata kusikiliza. Ukipunguza mwendo hadi mapigo 112 kwa dakika, mzunguko unakuwa fremu 102.86, na hapo lazima usikilize kila mara, kwa sababu makosa ya nusu fremu yanajilimbikiza.

Hii inaniingiza kwenye pleibeki. Dhoop Chhaon iliongozwa na Nitin Bose, ndugu yake Mukul Bose akiwa kwenye sauti, na Boral kwenye muziki. Ilitengenezwa pia kwa Kibengali kwa jina Bhagya Chakra. Wimbo unaotajwa ni "Main Khush Hona Chahoon", wa sauti za wanawake, miongoni mwao Parul Ghosh na Suprabha Sarkar. Wimbo wa kundi ni mahali pa mantiki pa kuanzia: kundi linalocheza huku likiimba mbele ya maikrofoni moja halirekodiki vizuri, mtu anahema, mwingine anageuka, miguu inapiga sakafu.

Kazi ya pleibeki kwa filamu ya sauti ya mwanga, yaani sauti iliyoandikwa kwa mwanga juu ya filamu, hufuata mpango huu. Wimbo unarekodiwa chumbani kwenye negativu ya sauti peke yake, hakuna kamera. Negativu inasafishwa maabara, kisha inatolewa kopi ya kupigia. Kwenye seti, mashine ya kupiga kopi ile na kamera zinaendeshwa kwa mota zinazokwenda pamoja, na spika inawekwa karibu na waigizaji. Wimbo unagawanywa kwa shoti, na kila shoti inaanza kupigwa mizunguko miwili kabla ya pale unapotaka, ili mwigizaji aingie akiwa tayari ndani ya mwendo. Kwenye uhariri, utepe wa sauti hauguswi. Picha ndizo zinazokatwa na kupangwa juu yake. Mwisho kabisa, kwenye kopi ya kuonyeshea, sauti inasogezwa zile fremu 20.

Yanayoharibika ni mengi. Kwanza kabisa ni maabara. Muda wa kusafisha ukizidi, herufi s na sh zinaanza kukwaruza, na hakuna uimbaji utakaoziponya. La pili ni spika kuwa mbali. Sauti inasafiri mita 343 kwa sekunde, kwa hiyo kila mita 14 ni fremu moja ya kuchelewa. Mchezaji aliyesimama mita 28 kutoka kwenye spika anafumba mdomo fremu mbili nyuma ya aliye karibu, na kwenye shoti pana jicho linaona kwamba kuna kitu hakijakaa sawa hata lisipojua ni nini. La tatu ni mwigizaji kufumbua mdomo bila kutoa sauti. Shingo haisogei, kifua hakipandi. Dawa yake ni kumwambia aimbe kweli, kwa nguvu, hata kama anaimba vibaya, kwa sababu sauti yake hairekodiwi. La nne ni mwangwi. Chumba cha kurekodia ni kikavu, halafu mwigizaji yuko hekaluni au kando ya mto. Watazamaji wa India walilizoea hilo haraka, lakini fundi makini angalau alimsogeza mwimbaji mbali na maikrofoni kwa tukio la mbali.

---

Mwana_Okestra

Na sasa jibu la swali lake hasa, nini kilibadilika ndani ya utunzi.

Kabla, muziki ulikuwa unasubiri picha. Baada ya hapo picha ikasubiri muziki. Wimbo unapaswa kuwa umekamilika, umerekodiwa na umesafishwa kabla kamera haijawekwa mguu. Mwongozaji hawezi kupanga hatua za wachezaji bila kuujua wimbo, kwa hiyo mtunzi anaingia kwenye mkutano wa hati ya filamu, siyo siku ya kupiga picha. Vipande vya ala vikarefuka, kwa sababu sasa kamera inaweza kuondoka kwa mwimbaji ikaonyesha mwezi, mto, mtu anayengoja dirishani. Kipande cha ala cha sekunde 16 kilichokuwa mzigo kikawa nafasi ya kusimulia. Idadi ya wapigaji ikaachiliwa, kwani hakuna wa kufichwa. Na uimbaji wenyewe ukashuka sauti: mtu aliye sentimita 30 kutoka kwenye maikrofoni hana haja ya kupaza sauti ifike mstari wa nyuma wa ukumbi. Ule uimbaji laini, wa karibu na sikio, ambao K.L. Saigal, mwimbaji na mwigizaji wa New Theatres, alijulikana kwao, unahitaji maikrofoni iliyo karibu na okestra inayojua kunyamaza.

Kuna jambo lingine ambalo sijaona likiandikwa vya kutosha, la lugha mbili. New Theatres ilitengeneza filamu nyingi kwa Kibengali na Kihindi pamoja: Devdas, Mukti, Vidyapati, President ambayo kwa Kibengali ni Didi. Lahani moja, maneno mawili. Kihindi kinatofautisha irabu fupi na ndefu, na msikilizaji anachukia noti ndefu ikikalia irabu fupi. Kibengali kimepoteza tofauti hiyo kwenye matamshi, na mkazo wake huelekea mwanzo wa neno. Mtunzi anayejua atapokea maneno ya Kihindi kwanza, ataweka noti zake ndefu mwisho wa mstari ambako irabu ndefu hupatikana kwa urahisi, na katikati ataacha noti fupi zinazoweza kugawanywa au kuunganishwa. Akianza na Kibengali, mshairi wa Kihindi atakuja kuteseka.

---

Mchambuzi_K

Wakuu, mmemsifu sawa ila naona tunaanza kuhamishia kila kitu Calcutta.

Mwaka huo huo wa 1935, Bombay Talkies ilitoa Jawani Ki Hawa, muziki ukiwa wa Saraswati Devi, mwanamke, Mparsi, jina lake halisi Khorshed Minocher-Homji. Humo Saraswati Devi aliimba kwa niaba ya ndugu yake Chandraprabha aliyekuwa mbele ya kamera. Kwa hiyo ukisema "wa kwanza", taja wa kwanza kwa nini: sauti ya mtu mwingine kwenye mdomo wa mwigizaji, au mfumo mzima wa kurekodi kabla na kupiga picha juu yake. Hayo ni mambo mawili. Dhoop Chhaon inadai la pili.

Na Saraswati Devi alikuwa na tatizo ambalo Boral hakuwa nalo. Boral alikuwa na Saigal, Pankaj Mullick na K.C. Dey. Saraswati Devi kwenye Achhut Kannya (1936) alikuwa na Ashok Kumar na Devika Rani, ambao hawakuwa waimbaji wa kazi, na ikabidi waimbe wenyewe. Sikilizeni "Main Ban Ki Chidiya": lahani inakwenda kwa hatua fupi fupi, hairuki mbali, misemo mifupi yenye nafasi ya kuvuta pumzi, ala zinamshika mwimbaji mkono. Kutunga wimbo ambao mtu asiyejua kuimba anaweza kuumaliza bila aibu, na nchi nzima ikauimba, ni ufundi ambao haupungui ule wa kumtungia Saigal. Mimi binafsi nauona mgumu zaidi.

Kule Maharashtra, studio ya Prabhat walikuwa na mtunzi Govindrao Tembe kwenye Ayodhyecha Raja (1932) na Keshavrao Bhole kwenye Amrit Manthan (1934) na Sant Tukaram (1936). Msingi wao ni natya sangeet, yaani nyimbo za jukwaani, na abhang, nyimbo za ibada za watawa. Hawakupitia kwa Boral hata kidogo.

Halafu pleibeki haikushinda siku moja. Mwaka 1938, kwenye Street Singer, filamu ya New Theatres yenyewe na muziki wa Boral mwenyewe, Saigal alishikilia kuimba "Babul Mora" moja kwa moja mbele ya kamera akitembea, maikrofoni na wapigaji wakimfuata nje ya picha. Ni thumri, wimbo wa mapenzi wa nusu kikale, ya raga Bhairavi, maneno ya Nawab Wajid Ali Shah wa Awadh. Miaka mitatu baada ya Dhoop Chhaon, kwenye studio ile ile.

---

FundiMkanda

Haki yake. Ila "Babul Mora" inathibitisha hoja kuliko kuipinga. Thumri inaishi kwa kurudia fungu moja la maneno kila mara kwa rangi tofauti, na mwimbaji ndiye anayeamua papo kwa papo arudie mara ngapi. Ukirekodi kabla, uamuzi huo unagandishwa, na mwigizaji anabaki kukariri hisia za wiki iliyopita. Saigal alijua alichokuwa anakikataa. Gharama yake ni kwamba umbali na maikrofoni haupo sawa na okestra haiwezi kufanya zaidi ya kusindikiza.

Kuhusu sifa: mfumo wa mota, maabara na maikrofoni, mpe Mukul Bose. Wazo la kupiga picha juu ya wimbo uliorekodiwa, Nitin Bose, ambaye alikuwa mpiga picha kabla ya kuwa mwongozaji na alijua kamera ilichokuwa inanyimwa. Boral ndiye aliyejua cha kufanya na uhuru ule ulipopatikana.

---

Santuri78

Ahsanteni sana, nimepata zaidi ya nilichoomba. Mchambuzi_K, hoja ya Saraswati Devi imenifungua macho.

Swali la mwisho: nikitaka kuyasikia haya kwa masikio yangu, nisikilize nini na kwa utaratibu gani? Nimeona wimbo mmoja una rekodi mbili zisizofanana.

---

Mwana_Okestra

Zisizofanana ni kawaida. Miaka ya 1930 santuri mara nyingi ilirekodiwa upya, tofauti na sauti ya filamu, ili itoshe upande mmoja na isikike vizuri zaidi. Saigal alirekodi kwa Hindusthan Records pale Calcutta. Kwa hiyo ukisikiliza santuri ukadhani unasikia mbinu za filamu, utapotea. Kwanza jua unasikiliza ipi: kwenye sauti ya filamu utasikia mvumo wa chini, noti za juu zimekatika, na mara nyingi wimbo unaingia ukitokea kwenye maongezi.

Anza na "De De Khuda Ke Naam Pe" kwa kusoma tu, maana Alam Ara yenyewe imepotea. Kisha "Main Khush Hona Chahoon": hesabu mapigo, uone jinsi mwendo ulivyo imara, hakuna anayevuta. Kisha "Ek Bangla Bane Nyara" kutoka President (1937), uangalie okestra inavyojibu mwisho wa kila mstari na kumpisha Saigal kila anapofungua kinywa. Halafu "Babul Mora", na hapo acha kuhesabu, kwa sababu mwendo unavutika anapotaka yeye.

Baada ya hapo sikiliza Khazanchi (1941) ya mtunzi Ghulam Haider, uone mdundo wa ngoma ya dholak wa Kipunjabi ulivyoingia ukaisukuma Calcutta pembeni. Mtunzi Anil Biswas alikuwa ameshahama Calcutta kwenda Bombay tangu 1934, Naushad akatokea na Rattan (1944), na okestra za Bombay zikajaa wapigaji wa Kigoa wanaosoma noti za Kizungu. Mfumo wa wapigaji wa mshahara ulikuwa unakufa, wa kulipwa kwa rekodi unazaliwa.

---

FundiMkanda

Tahadhari moja kabla hujaanza kutafuta raga na funguo. Kopi nyingi za filamu hizi zilizoko mtandaoni zilitoka kwenye video za fremu 25 kwa sekunde. Filamu ya fremu 24 ikipigwa kwa 25, inakwenda asilimia 4.2 haraka zaidi na sauti inapanda karibu asilimia 70 ya nusu toni. Saigal anageuka kijana, na wimbo unaangukia katikati ya funguo mbili za harmoniamu. Ukiona ala haikubaliani na kinanda chako, punguza kasi hadi asilimia 96 kwenye programu ya kuhariria, na usiwashe kile kitufe cha kushikilia urefu wa sauti, maana unataka mwendo na urefu vishuke pamoja. Kwa santuri hakuna namba moja: mashine za kukatia hazikuwa zote kwenye 78 kamili. Hapo tafuta harmoniamu ndani ya rekodi, maana noti zake hazitelezi, kisha rekebisha kasi mpaka ikae kwenye nusu toni iliyo karibu.